Mtoto anataka kamera? Msome kwanza Mo Amin

Jumamosi iliyopita nilikuwa Mtaa wa Aggrey, Kariakoo, natafuta chaja ya simu. Pembeni yangu mama mmoja alikuwa anavutana na mwanawe, kijana wa kidato cha pili hivi. Kijana kashika stendi ya kurekodia video, hataki kuiachia.

"Hela ya tuisheni sijamaliza, wewe unataka kucheza na kamera!" mama akafoka. Kisha akanigeukia: "Hivi dada, na hiyo nayo ni kazi?"

Sikuwa na jibu la haraka. Nililipata kwenye daladala, nilipomkumbuka Mohamed Amin.

Mo Amin, kama wengi walivyomwita, alizaliwa Nairobi mwaka 1943, lakini utotoni familia yake ilihamia hapa Dar es Salaam. Akiwa bado mwanafunzi alinunua kamera iliyokwishatumika kwa shilingi 40. Mwaka 1963 akaanzisha hapa hapa kampuni yake ya Camerapix. Alikuwa hajatimiza hata miaka 21.

Hakujifunga kwenye kazi ya aina moja. Alipiga picha za mnato na za filamu, mara nyingi kwenye tukio lile lile. Alirekodi Mapinduzi ya Zanzibar mwaka 1964 na msiba wa Tom Mboya aliyeuawa Nairobi mwaka 1969. Alitoa pia vitabu vya picha, kimojawapo kuhusu hija ya Makka.

Oktoba 1984 alikwenda Korem, Ethiopia, pamoja na Michael Buerk wa BBC. Picha zake za watu waliokuwa wakifa kwa njaa ziliishtua dunia. Wanamuziki wa Uingereza na Marekani wakaimba kuchangisha fedha, na Julai 1985 likafanyika tamasha la Live Aid. Kamera ya kijana aliyeanzia Dar es Salaam iliwafikishia chakula watu wenye njaa.

Lakini mzazi lazima aambiwe na upande wa pili. Mwaka 1991 ghala la silaha lililipuka Addis Ababa. Mwenzake aliyerekodi sauti, John Mathai, alifariki, na Mo akapoteza mkono wa kushoto. Alifungiwa mkono wa bandia, akarudi kazini. Novemba 1996 alifariki katika ndege iliyotekwa na kuanguka baharini karibu na Comoro. Mwanawe, Salim, alikuja kutengeneza filamu iitwayo Mo & Me, ambayo haifichi kwamba baba huyo mara nyingi hakuwepo nyumbani.

Kwa hiyo jibu langu kwa mama wa Aggrey ni hili: ndiyo, ni kazi. Ila kabla ya kulipia stendi, kubalianeni mambo matatu.

Kwanza, ruhusa. Mgonjwa, maiti na mtoto wa mwenzio si vitu vya kurekodi na kurusha. Anayerekodi aombe kwanza, na akikataliwa, ashushe simu.

Pili, usingizi. Kijana anayehariri video hadi saa nane usiku ataamka na macho mekundu, na darasani atasinzia. Wekeni saa ya kuzima simu, na wewe mzazi uizime ya kwako.

Tatu, mazungumzo. Aliyeona ajali au ugomvi kupitia kamera ameuona kama aliyekuwepo. Muulize umeona nini leo, umejisikiaje. Akianza kushtuka usingizini, kukosa hamu ya kula au kujitenga, na hali hiyo ikaendelea wiki kadhaa, mpeleke kituo cha afya. Usiseme atazoea.

Tuisheni mlipie, mama, hilo sikupingi. Lakini Jumapili hii mpe simu yako arekodi bibi akipika, kisha kaa naye mtazame pamoja. Huenda ukaona kitu ambacho hukukiona pale dukani.

Tukutane wiki ijayo.