Nguva Si Samaki

Mwezi huu hatutaanza kwa kufundisha, bali kwa kukiri kosa letu.

Kijana mmoja wa chuoni kwetu, wa miaka 12, alitujia baada ya sala ya alasiri akasema, "Maalim, leo skuli tumefundishwa kuwa nguva si samaki, ni jamaa yake tembo." Wenziwe wakaangua kicheko. Nasi, badala ya kumwuliza hoja yake, tukamwambia asilete porojo darasani. Akainama. Juma zima lile hakuuliza swali hata moja, naye ndiye aliyezoea kuuliza kuliko wote.

Jambo hilo likatukera moyoni. Tukaenda kwa jirani yetu, mvuvi mzee, tukamwuliza habari za nguva. Akasema kuwa nguva huzuka juu kuvuta pumzi, hula majani yaotayo chini ya bahari, na jike humnyonyesha mwanawe kwa matiti yaliyo karibu na vikono vyake. "Basi mbona mwamwita samaki?" "Tumwiteje, Maalim, naye yumo baharini?"

Ndivyo watu walivyovigawa viumbe tangu zamani, kwa makao yao na mienendo yao. Al-Jahiz wa Basra, aliyefariki mwaka 255 Hijria, katika Kitab al-Hayawan aliwapanga wanyama kuwa wanaotembea, wanaoruka, wanaoogelea na wanaotambaa. Lakini yeye mwenyewe aliona kasoro, akatahadharisha kuwa si kila kiogeleacho huhesabiwa samaki, akawataja chura, mamba na pomboo. Carl Linnaeus wa Sweden alitoa kitabu chake Systema Naturae mwaka 1735, na humo nyangumi bado yumo miongoni mwa samaki. Ilipofika chapa ya 10, mwaka 1758, alikuwa amemtoa na kumtia katika wanyama wanyonyeshao.

Mpango wa wataalamu hao si mgeni kwa mtu ajuaye nasaba yake. Mmoja wetu akiulizwa ni nani hutaja jina lake, kisha nyumba yao, kisha mlango, kisha ukoo, kisha kabila, na kila hatua humkusanya na watu wengi zaidi. Kadhalika viumbe. Daraja ya chini ni spishi, yaani wale wazaanao wao kwa wao na watoto wao nao wakazaa. Spishi zilizo karibu hukusanywa katika jenasi, jenasi katika familia, familia katika oda, oda katika ngeli, ngeli katika faila, na faila katika himaya. Farasi na punda ni jenasi moja, Equus, lakini ni spishi mbili. Ndiyo maana hupatikana baghala kati yao, naye baghala kwa kawaida hazai. Jina la kitaalamu ni la maneno mawili, la jenasi likitangulia. Nguva wetu huitwa Dugong dugon. Himaya yake ni ya wanyama, faila yake ni ya wenye uti wa mgongo na jamaa zao, ngeli yake ni mamalia, na oda yake ni Sirenia.

Sasa tembo ameingiaje? Hapa umbo halisaidii kitu, tazama meno. Pembe za ngiri ni machonge yaliyorefuka. Pembe za tembo si machonge, ni meno ya mbele, na nguva dume naye hutokeza meno ya mbele namna hiyo hiyo. Wa tatu wao ni pimbi, yule mdogo wa majabalini tunayemdhania panya mnono; naye ana meno ya mbele yasiyokoma kukua, na kucha bapa mfano wa kwato. Chembe za urithi zilipopimwa, zikathibitisha kuwa watatu hao ni jamaa wa karibu.

Tusidhani, lakini, kwamba daraja hizi zimechongwa katika jiwe. Linnaeus huyo huyo alimweka tembo oda moja na kakakuona, na waliomfuata wakaivunja. Tangu kitabu cha Charles Darwin cha mwaka 1859, wataalamu wamezidi kutaka kila kundi liwe la watoto wa asili moja, na kwa kipimo hicho mamba ameonekana kuwa karibu zaidi na kuku kuliko na mjusi. Mwaka 1990 Carl Woese na wenzake wawili waliongeza daraja juu ya himaya, iitwayo domeni. Tumeyasimulia kama wayasemavyo wenyewe. Mwenye kutaka kuyajadili na ayajadili, ila ayafahamu kwanza. Sisi tulianza na kukemea.

Wako watakaouliza juu ya kula. Hilo ni jambo la fikihi, nayo ina vigawanyo vyake. Ngeli na oda hazikuwekwa kwa ajili ya sufuria. Tena nguva waliobaki pwani yetu ni wachache mno, na sheria za Kenya na Tanzania zinakataza kumvua, awe samaki au asiwe.

Juma lililofuata tulimwita yule kijana mbele ya wenziwe, tukasema kuwa yeye ndiye aliyekuwa na haki na mwalimu wake ndiye aliyekosa. Akanyamaza kidogo, kisha akainua mkono. "Na pweza je, Maalim?"

Safari hii tulikuwa tumejitayarisha. Tukamwambia kuwa pweza yu faila moja na konokono. Darasa zima likapiga kelele, na mmoja wao akaapa kuwa hatamla tena. Lakini Ijumaa tulimwona sokoni, ameshika mshikaki wa pweza mkononi.