Ng'ombe yu hai, madai hakuna

NJITI YA WIKI
Na Mzee Kiberiti

Wiki hii nimesikia kwa masikio yangu mwenyewe, simu ikiwa imewekwa spika, binti wa huduma kwa wateja wa kampuni moja ya bima akimwambia shemeji yangu: "Pole sana mzee wangu, lakini kwa maelezo yako ng'ombe yu hai, kwa hiyo hapo madai hakuna." Aliyasema kwa upole kabisa, sauti ya kutoa habari njema. Kisha akauliza kama kuna jambo lingine angependa kusaidiwa.

Niseme mapema, ili wenye haraka wafungue ukurasa wa michezo: bima inayolipa mzoga na kukataa kulipa sindano si bima ya mfugaji. Ni bima ya kampuni, mfugaji anachangia tu.

Shemeji mnamjua. Ni yule wa kesi ya jogoo. (Wageni wa safu hii mtanisamehe, kesi ile ilikula Jumamosi nyingi, na mhariri ameniomba nisiifufue.) Tangu ashindwe pale baraza la kata amekuwa mtu wa karatasi. Kila kitu anataka kiwe na mkataba, mhuri na nakala tatu. Kwa hiyo wakala wa bima alipopita huku kwetu Arumeru, amevaa fulana ya kampuni na kalamu za kugawa mkononi, shemeji ndiye aliyewahi benchi la mbele. Akamkatia bima ng'ombe wake wa maziwa, chotara wa Frizian ambaye watoto humwita Mheshimiwa, kwa kuwa hanyanyuki mpaka apelekewe chakula mdomoni. Thamani ilikadiriwa Sh2,500,000 na ada ya mwaka ni asilimia nne, yaani laki moja taslimu. Mheshimiwa akatobolewa sikio, akavishwa hereni ya kampuni.

Nitoke nje ya mada kidogo, maana hili la hereni limenikaa kooni siku nyingi. Sikio la ng'ombe wa nchi hii limegeuka ubao wa matangazo. Ipo hereni ya chanjo ya ndigana kali, ambayo ndama huvishwa akishachanjwa. Ipo hereni ya kielektroniki ya Serikali, inayotokana na Sheria ya Utambuzi, Usajili na Ufuatiliaji wa Mifugo ya mwaka 2010, na kelele za wafugaji wakati wa kuivalisha hakuna aliyezisahau. Sasa imekuja na ya bima. Mheshimiwa ana hereni tatu. Dada yangu, mke halali wa shemeji, ana jozi moja, na alijinunulia mwenyewe.

Turudi bandani. Mheshimiwa alizaa ndama jike salama salimini, maziwa yakawa mengi mpaka ndoo ya akiba ikatafutwa. Kesho yake jioni akalala na hakuamka. Kwa jina lake lile hakuna aliyeshtuka. "Mheshimiwa kapumzika," watoto wakasema, wakaendelea na mambo yao. Dada ndiye aliyeinama akamshika masikio, akayakuta ya baridi kama chuma cha alfajiri. Shingo ilikuwa imepinda, kichwa kimeegemea ubavu. Mbele yake mabingobingo mabichi yaliyokatwa mchana yako vilevile, hajagusa hata jani.

Yeyote aliyefuga ng'ombe wa maziwa anaijua hali hiyo. Ni homa ya maziwa. Ng'ombe anayetoa maziwa mengi akishazaa, kalsiamu ya damuni hukimbilia kwenye kiwele, misuli inakosa nguvu, na usipowahi, moyo nao unachoka. Tiba yake haina ushirikina wala rufaa ya Muhimbili: ni chupa ya kalsiamu kwenye mshipa. Lakini iingie taratibu, kwa sababu ukiikimbiza, dawa yenyewe ndiyo itakayousimamisha moyo uliokuja kuuokoa.

Afisa mifugo alifika na pikipiki watu wamekwishalala. Mimi nilipewa kazi ya kushika chupa juu, na dada akashika tochi ya simu. Kijana yule alipiga goti kwenye samadi, sindano imo shingoni mwa ng'ombe, sikio lake kalibandika kifuani kwa Mheshimiwa anasikiliza mapigo. Kila moyo ulipokwenda mrama alininyooshea kidole nishushe chupa. Nikashusha. Akatikisa kichwa, nikapandisha. Chupa ya pili ilipofika nusu, Mheshimiwa akatetemeka mwili mzima, akacheua kwa kishindo, akajisaidia karibu na kiatu changu cha kanisani, kisha akajikusanya na kusimama. Muda si mrefu alikuwa anavuta majani, anatutazama kama wageni waliochelewa kuondoka.

Gharama: chupa mbili za kalsiamu, dawa ya kuongeza nguvu, mafuta ya pikipiki, kazi ya usiku, na kurudi kesho yake kumwangalia. Jumla Sh140,000. Shemeji akalipa huku anatabasamu. "Hii naidai," akasema. "Nina bima."

Basi akaanza kukusanya karatasi, na hapo ndipo damu ilipoanza kunichemka. Fomu ya madai. Nakala ya kitambulisho cha NIDA. Nakala ya mkataba. Barua ya mtendaji wa kijiji kuthibitisha kwamba ng'ombe ni wake, kana kwamba wao hawakumvisha hereni wenyewe. Picha ya ng'ombe mzima na picha ya sikio, namba isomeke. Risiti za EFD. Sasa nioneshe afisa mifugo anayetembea na mashine ya EFD kwenye pikipiki usiku, barabara ya matope, ili akimaliza kuchoma sindano amtolee mfugaji risiti yenye nembo ya mamlaka ya kodi. Duka la dawa za mifugo lilitoa ya kalsiamu. Ya mafuta na ya jasho la kijana yule haikupatikana, na haitapatikana mpaka Yesu arudi.

Halafu likaja la saini. Fomu inataka saini ya daktari wa mifugo aliyesajiliwa. Kwa Sheria ya Veterinari ya 2003, daktari aliyesajiliwa na Baraza la Veterinari ni mtu mmoja, na afisa mifugo mwenye stashahada ni mtu mwingine, mtaalamu msaidizi. Sina ugomvi na sheria hiyo. Sitaki kila mwenye koti jeupe ampasue ng'ombe wangu. Lakini nenda vijijini ukamtafute huyo daktari. Yuko wilayani, ana kata nzima-nzima za kuhudumia, na mezani kwake kuna vibali, machinjio, minada na vikao. Anayeingia bandani usiku ni yule msaidizi. Kampuni zinalijua hilo, maana mawakala wao nao hupita vijijini kuuza na wanaona nani anatibu. Wakati wa kupokea ada hawakumuuliza mtu stashahada yake.

Shemeji alikwenda wilayani akapata saini ya daktari ambaye Mheshimiwa hajawahi kumwona. Akapanga karatasi zake kwenye bahasha ya kaki, akapiga simu kuuliza aipeleke wapi. Ndiyo simu niliyoanza nayo.

Tukaufungua mkataba. Shemeji alivaa miwani, mimi nikavaa yangu juu ya yangu, maana maandishi ya ukurasa wa nyuma yameandikwa kwa ajili ya siafu. Kipengele kinasema kampuni italipa ng'ombe akifa kwa ugonjwa au ajali, au akilazimika kuchinjwa kwa dharura kwa idhini ya daktari. Kinachofuata kinasema ng'ombe akiugua, mwenye mali atawajibika kumtafutia matibabu ya kitaalamu mara moja, kwa gharama zake mwenyewe. Asipofanya hivyo, na ng'ombe akafa, madai yatakataliwa.

Nilimwomba shemeji akisome tena kwa sauti. Yaani wanamlazimisha amtibu, hawamlipii kumtibu, na asipomtibu hawamlipi. Usiku ule, kwa laki moja na arobaini kutoka mfukoni mwake, shemeji aliiokolea kampuni milioni mbili na nusu. Hawakumtumia hata kalamu.

Wapo watakaoniambia, kama alivyoniambia bwana mmoja wa bima tuliyekutana msibani, kwamba wakianza kulipa matibabu wafugaji watadanganya. Kila wiki ng'ombe ataugua kwenye karatasi. Sawa. Lakini mtu wa kudanganya sindano ya elfu ishirini atashindwaje kudanganya kifo cha milioni mbili? Si sababu hiyo. Sababu ni kwamba bima hizi zilishonwa kwa vipimo vya mkopeshaji. Benki inakopesha ng'ombe, inataka akifa deni lirudi. Ng'ombe anakohoa, ana kupe, kiwele kimevimba, hayo benki hayaihusu mpaka akate roho. Mfugaji akavalishwa suti ya mtu mwingine akaambiwa imemkaa.

Na hata akifa, usidhani ni rahisi. Mama mmoja mjane, hatua chache kutoka kwa shemeji, ng'ombe wake alianguka ghafla akafa, damu ikamtoka puani. Afisa mifugo alipoona tu akapiga marufuku kisu. Huku kaskazini tunaijua kimeta: mzoga wa namna hiyo haupasuliwi, kwa kuwa ukiupasua vimelea vinamwagika, vinajificha udongoni miaka na miaka, na anayekula nyama hiyo anaweza kuzikwa naye. Walichimba shimo refu, wakamwaga chokaa, wakafukia. Mama akapeleka madai. Majibu: ambatanisha ripoti ya uchunguzi wa ndani wa mzoga pamoja na picha. Alipoeleza kwamba mtaalamu amekataza kupasua, akaambiwa vigezo na masharti kuzingatiwa. Sijui walitaka afukue!

Mpwa wangu yuko Leicester, Uingereza, na ana paka. Paka huyo aliziba mkojo, akapelekwa kliniki, akalazwa. Mpwa wangu alijaza madai kwenye simu akiwa kitandani, kliniki ikatuma kumbukumbu za mgonjwa, wakakata kile kiasi ambacho mwenye mnyama hujilipia, kilichobaki akarudishiwa. Paka yu hai na madai yapo. Nao wana masharti yao, ugonjwa aliokuwa nao mnyama kabla ya bima hawaugusi, lakini mwaka 2023 kampuni za kule zililipa madai ya wanyama wa nyumbani zaidi ya pauni bilioni moja. Marekani ndiyo usiseme. Bima ya kwanza ya namna hiyo, mwaka 1982, alikatiwa Lassie, mbwa wa televisheni. Mbwa muigizaji kalipiwa matibabu kabla ya ng'ombe anayesomesha watoto.

Mtasema huko ni Ulaya, wana fedha za kuchezea. Haya, tuvuke Namanga tu. Wakenya walianza Marsabit mwaka 2010 na bima ya mifugo inayotazama malisho kwa setilaiti: majani yakikauka kupita kiwango, wafugaji wanalipwa, hakuna anayehesabu mizoga wala kupiga picha masikio. Na mpango wa serikali yao wa 2015, ulioanzia Turkana na Wajir, ukajengwa ili fedha ifike mapema, mfugaji anunue majani na maji mnyama akiwa bado amesimama. Huo ni ukame, si homa ya maziwa, najua. Ila kuna mtu alikaa mezani akajiuliza ng'ombe ana faida gani akiwa amekwishakufa.

Shemeji, kama mnavyomfahamu, ameanza kuandika barua kwa Msuluhishi wa Migogoro ya Bima. Nimemwambia asipoteze wino. Msuluhishi atasoma mkataba, na mkataba uko upande wao. Anayepaswa kuandikiwa ni TIRA, mamlaka inayosimamia bima, iulizwe kwa nini kipengele cha "kwa gharama zake mwenyewe" kinauzwa vijijini bila kusomwa kwa sauti. Shemeji kajibu kwamba hata kwenye kesi ya jogoo nilimkatisha tamaa hivyohivyo. Nimenyamaza.

Jana wakala karudi, fulana ileile. Mwaka wa Mheshimiwa unakaribia kuisha, kaja kukumbusha ada, na jicho limemtoka kwa ndama: akikua kidogo naye avishwe hereni. Shikamoo mzee, marahaba kijana, kiti kikaletwa, chai ikamiminwa, maziwa ya Mheshimiwa ndani yake.

"Hakuna tatizo," shemeji akamwambia. "Ada nitalipa siku ng'ombe akifa."

Kijana akacheka, akidhani ni utani. "Hapana mzee, haiwezekani. Ada inalipwa ng'ombe akiwa mzima."

"Ahaa," shemeji akasema, akamsogezea sukari. "Kumbe akiwa mzima huwa mnamwona."