Tuzo Zinazorudishwa: Nani Alipaye Gharama?

Wako wenzetu katika Kinondoni na Temeke ambao wamekwisha kushinda mashauri yao, na hata hivyo mikono yao ni mitupu. Mlinzi wa ghala la Chang'ombe, mshonaji wa kiwanda cha Mikocheni, dereva wa lori akaaye Mbagala: hao ndio wapandao ngazi za Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, barua ya kuachishwa kazi mkononi. Tuzo hutolewa kwa faida ya mfanyakazi. Mwajiri huomba mapitio Mahakama Kuu, Divisheni ya Kazi, kama sheria impavyo ruhusa katika muda wa wiki sita. Kisha hukumu hushuka: tuzo imefutwa, shauri lianze upya.

Twauliza, kosa ni la nani? Mara nyingi si la mfanyakazi, wala si la mwajiri. Shahidi alitoa ushahidi wake bila kuapishwa. Au mwamuzi aliandika maneno ya shahidi asitie sahihi mwishoni. Katika Rufaa ya Madai Na. 155 ya mwaka 2019, iliyohusu shule moja ya Iringa, Mahakama ya Rufani ilikuta sahihi hizo hazipo, ikafuta mwenendo wote wa shauri. Kwa kosa la kalamu ya mtu mmoja, wadai na wadaiwa hurudi walikoanzia.

Hatusemi kwamba majaji wamekosea. Kiapo si pambo. Kanuni za Tume za mwaka 2007 zataka shahidi aape au athibitishe, kwa kuwa mtu asiyeapa hawezi kushitakiwa kwa kuapa uongo. Nayo sahihi ya mwamuzi ndiyo kufuli ya kumbukumbu. Pasipo sahihi, nani atajua kwamba ukurasa haukubadilishwa? Mfanyakazi mwenyewe, kama angalishindwa kwa ushahidi wa namna hiyo, angalikuwa wa kwanza kulalamika. Kanuni zimlindazo leo ndizo zimwumizazo kesho.

Lakini tuitazame hasara ilivyo. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 ilikusudia haraka: usuluhishi katika siku 30, na tuzo katika siku 30 baada ya shauri kusikilizwa. Kabla yake palikuwa na Kamati za Wafanyakazi na mabaraza ya usuluhishi chini ya sheria ya mwaka 1964, ambako rufaa zilipanda hadi kwa Waziri. Tume ilipoanza kazi mwaka 2007, tumaini lilikuwa kwamba mnyonge hatangoja tena miaka. Shauri likirudishwa, tumaini hilo huzimika. Shahidi aliyekuwa Mbagala amekwisha hamia Mtwara. Msimamizi wa zamu amefariki. Mdai amerudi kwao kulima. Mwajiri mwenye wakili aweza kungoja. Asiye na mshahara hawezi. Ngoja-ngoja huumiza matumbo, na hapa matumbo yaumiayo ni ya watoto wake.

Katiba yetu, Ibara ya 107A, imeziagiza mahakama zisicheleweshe haki bila sababu ya msingi, wala zisifungwe kupita kiasi na masharti ya kiufundi. Mwaka 2018 Bunge likaongeza sheria itakayo mashauri yaendeshwe kwa haki, kwa haraka na kwa gharama nafuu. Ni kweli Mahakama imesema mara nyingi kwamba agizo hilo halifuti kanuni za lazima. Basi twaomba jambo dogo zaidi: kosa lipimwe kwa madhara yake. Ikiwa ila imo katika uandishi wa tuzo tu, na ushahidi umeandikwa sawasawa, irudishwe tuzo iandikwe upya, mashahidi wasiitwe tena. Na ikiwa hapana budi kusikiliza upya, hukumu ionyeshe siku ambayo kazi hiyo iwe imekwisha, na shauri lililorudishwa lisipangwe mkiani nyuma ya mashauri mapya.

Dawa kubwa, hata hivyo, imo ndani ya Tume yenyewe. Kila ukurasa wa ushahidi uwe na mahali palipochapwa pa kiapo na pa sahihi, na karani asilipokee jalada lenye pengo. Mwamuzi ambaye tuzo zake hufutwa mara kwa mara kwa kosa lile lile aitwe afundishwe.

Nao wawakilishi wa vyama vya wafanyakazi tuna neno kwao. Sheria imewaruhusu kusimama na mwanachama mbele ya Tume. Wasisimame kama wageni arusini. Shahidi akianza kusema bila kiapo, mwakilishi na anyanyuke papo hapo aseme, "Ndugu Mwamuzi, shahidi hajaapa." Maneno hayo manne yaweza kuokoa miaka minne.

Haki haikamiliki kwa kuandikwa katika karatasi. Hukamilika siku ile mlinzi wa Chang'ombe anapolipwa alichostahili, au anapoambiwa mara moja, kwa sababu zinazoeleweka, kwamba hakustahili. Kumrudisha mlangoni kila mara si jibu.