Mboya anastahili wasifu wa Kiswahili

Tom Mboya aliuawa kwa risasi Jumamosi, Julai 5, 1969, akitoka katika duka la dawa kwenye Government Road, Nairobi, barabara ambayo leo inaitwa Moi Avenue. Alikuwa na umri wa miaka 38. Watafiti wamemwandika, tena kwa bidii, lakini kwa Kiingereza. Alan Rake alitangulia mwaka 1962, Mboya akiwa hai. David Goldsworthy, msomi wa Australia, akafuata mwaka 1982 na kitabu ambacho bado ndicho kipimo cha vingine. Mkenya Edwin Gimode akatoa chake mwaka 1996. Mboya mwenyewe, alipoeleza safari yake katika Freedom and After mwaka 1963, alitumia lugha hiyo hiyo. Kwa hiyo mvuvi wa Kisegi au mchuuzi wa samaki wa Mbita anamjua mwana huyu wa Suba kwa hotuba za matanga na za kampeni kuliko kwa utafiti. Kasoro hii inamnyima msomaji haki yake, na inaupunguzia wasifu wenyewe ukweli, kwa sababu kitabu kisichosomwa nyumbani kwa mhusika hukosa watu wa kukisahihisha.

Goldsworthy alifanya kazi ya kuheshimiwa. Alikipa kitabu chake jina linalosema kwamba Kenya ilitaka kumsahau mtu huyu, naye akakataa asahaulike. Humo tunamwona mkaguzi wa afya wa Nairobi akigeuka kuwa katibu mkuu wa shirikisho la wafanyakazi mwaka 1953, akiingia Baraza la Kutunga Sheria mwaka 1957, na kuongoza mkutano wa watu wa Afrika nzima mjini Accra mwaka 1958. Lakini nyaraka humfuata mtu alikofanya kazi. Nusu ya pili ya Mboya iko kwa jamaa zake. Alizaliwa mwaka 1930 katika shamba la mkonge la Kilima Mbogo, karibu na Thika, ambako baba yake, Leonard Ndiege, Msuba wa kisiwa cha Rusinga, alikuwa mwajiriwa. Mtoto aliyekulia mbali na ziwa, kati ya vibarua wa makabila mbalimbali, ndiye aliyekuja kuwa msemaji wa wafanyakazi wa makabila yote. Uhusiano huo hauwezi kueleweka bila kuwasikiliza wazee wa Rusinga, na muda unayoyoma: lugha ya Kisuba inazidi kumezwa na Kijaluo, na pamoja nayo yanapotea majina ya koo na kumbukumbu za waliohamia mashambani.

Hasara ya kukosa wasifu unaosomeka inaonekana wazi katika habari za ndege za wanafunzi. Mwaka 1959 Mboya alichangisha fedha Marekani, na mwezi Septemba ndege ya kwanza ikawachukua wanafunzi 81 kwenda kusoma huko. Wengi wanaamini kwamba Barack Obama Mzee, mzaliwa wa Kanyadhiang karibu na Kendu Bay, alikuwa mmoja wao, na kwamba familia ya Kennedy ndiyo iliyomlipia. Mwaka 2007 hata mwanawe, akiwania urais wa Marekani, aliihusisha safari hiyo na akina Kennedy. Mwaka uliofuata waandishi wa habari walichunguza, na kampeni yake ikakiri kosa. Obama Mzee alisafiri kivyake mwaka 1959, akisaidiwa na wanawake wawili wa Marekani waliokuwa Nairobi. Fedha za Kennedy zilitolewa mwaka 1960, naye alikuwa ameshafika Hawaii. Masahihisho hayo yamechapishwa kwa Kiingereza. Katika kaunti ya Homa Bay, alikozaliwa Obama Mzee mwenyewe, uvumi bado una nguvu kuliko ukweli.

Kuna watakaosema kwamba Kiswahili si lugha ya mama ya watu wa Kisegi, na kwamba wasifu wa Mboya ungefaa zaidi kwa Kijaluo au Kisuba. Vitabu vya lugha hizo viandikwe pia, na vitapokewa kwa furaha. Hata hivyo Mboya hakuwa kiongozi wa kabila moja, wala wasifu wake si mali ya kabila moja. Katiba ya mwaka 2010 inakitambua Kiswahili kama lugha ya taifa na lugha rasmi, na wanafunzi wamekuwa wakitahiniwa somo hilo kwa lazima katika shule za msingi tangu miaka ya themanini. Katika kaunti ya Migori, kuanzia Muhuru Bay hadi Isebania, ndicho kinachowaunganisha wafanyabiashara wa Kenya na Tanzania. Ndicho pia kitakachomwezesha msomaji wa Thika kumsahihisha wa Rusinga, na wa Rusinga kumsahihisha wa Thika.

Pingamizi lenye uzito zaidi ni kwamba lugha haileti ukweli. Tumeona vitabu vingi vya sifa, vilivyoandikwa kumfurahisha aliyelipa gharama, na Kiswahili hakina kinga dhidi yavyo. Ni kweli. Ila dawa ya kitabu cha sifa ni wasomaji wanaojua habari. Shaaban Robert alimwandikia Siti binti Saad wasifu wake kwa Kiswahili, akituonyesha kwamba lugha hii inaumudu uandishi huo. Mohamed Said wa Tanzania alichapisha maisha ya Abdulwahid Sykes kwa Kiingereza mwaka 1998, kisha yakatolewa kwa Kiswahili, na mjadala kuhusu waasisi wa TANU ukaingia misikitini, magazetini na barazani. Wapo waliompinga vikali, na kupingwa huko ndiko kunakoukomaza wasifu.

Kaburi la Mboya huko Rusinga limejengewa jengo lenye umbo la risasi, na wanafunzi hupelekwa kuliona. Wanastahili kurudi na kitabu cha kusoma. Wachapishaji wa Nairobi watafute haki za kumtafsiri Goldsworthy. Serikali za kaunti za Homa Bay na Migori zigharimie kurekodiwa kwa wazee. Vyuo vikuu vyetu viwatume wanahistoria chipukizi waandike wasifu mpya kwa Kiswahili, wakiwa na nyaraka mkono mmoja na masimulizi ya nyumbani mkono wa pili. Kazi hiyo ianze sasa, waliomjua wangali hai.