Nani Kawataka Wafe?

Watu wawili hukigombania kitabu kimoja cha huzuni, na wote wawili hukosea pahala pamoja. Mmoja hulia. Mwengine hupiga marufuku. Wa kwanza hujiona mwenye huruma, wa pili hujiona mlinzi wa maadili, na wala hawasalimiani njiani. Lakini ukiwasikiliza vyema utakuta wote wanadai kitu kimoja, nacho ni maiti.

Kitabu chenyewe ni They Both Die at the End cha Adam Silvera wa Marekani, kilichotoka mwaka 2017. Mwisho wake hauna siri, umeandikwa juu ya jalada. Katika dunia ya riwaya hiyo, kila usiku baada ya saa sita shirika liitwalo Death-Cast humpigia simu kila mtu atakayekufa siku hiyo. Mateo Torrez, mwenye miaka 18, na Rufus Emeterio, mwenye miaka 17, wakaazi wa New York, hupigiwa simu usiku mmoja. Hawajuani. Hukutanishwa na programu ya simu inayowatafutia watu rafiki wa mwisho, wakapendana, na siku haijesha wote wamekwisha kufa.

Riwaya hii ina kasoro zake. Sadfa ni nyingi mno, na mazungumzo ya vijana hao pengine hunyooka kama wosia ulioandikwa na wakili. Hata hivyo wasomaji waliipokea kwa wingi, na kati ya 2020 na 2021 ikapanda upya katika orodha za mauzo baada ya vijana kujirikodi kwenye TikTok huku wakibubujikwa na machozi. Kulia si kosa. Asiyelia msibani hutazamwa. Kosa ni kuishia hapo, kana kwamba chozi ni stakabadhi ya kuonesha kwamba kitabu kimesomwa. Mlizi wa namna hiyo hukumbuka kwamba wamekufa, asikumbuke walifanya nini kabla ya kufa.

Wako pia waliokasirika. Wao walisema wamechoka kuona mapenzi ya aina hii yakizikwa kila mara kabla ya ukurasa wa mwisho. Hasira hiyo ina sababu. Katika karne ya 20, hadithi nyingi za Ulaya na Marekani zilithubutu kuyataja mapenzi hayo kwa sharti moja tu, kwamba mmoja wa wapenzi ajiue, auawe, au arejee kwenye njia iliyonyooka akiwa amejuta. Kifo kilikuwa ndiyo kodi ya kuchapishwa.

Anayedhani kodi hiyo haitozwi huku kwetu na aikumbuke Rafiki, filamu ya Wanuri Kahiu wa Kenya, iliyotokana na Jambula Tree, hadithi fupi ya Monica Arac de Nyeko wa Uganda iliyopata Tuzo ya Caine mwaka 2007. Mnamo Aprili 2018 Bodi ya Filamu ya Kenya iliipiga marufuku. Septemba mwaka huo Mahakama Kuu ikairuhusu ioneshwe kwa siku saba, na mwaka 2020 marufuku ikathibitishwa tena mahakamani. Lakini kubwa kuliko yote ni lile alilolieleza Kahiu mwenyewe: bodi ilimtaka abadilishe mwisho, kwa kuwa ulikuwa na matumaini kupita kiasi na wahusika hawakuonesha majuto ya kutosha. Angalia basi lilikokuwa shauri. Wasichana wawili kupendana kulikuwa na mjadala. Wasichana wawili kubaki hai na kutabasamu ndiko kulikokuwa hakuvumiliki.

Hapa ndipo wengi wanapovichanganya vifo viwili. Kuna kifo cha adhabu, anachotumiwa mhusika kwa sababu ya aliyempenda, na kuna kifo cha fungu, ambacho kila aliyezaliwa ameandikiwa. Bodi ilikuwa ikikitaka cha kwanza, au chochote cha kukaribiana nacho. Silvera ameandika cha pili. Death-Cast haiulizi nani anampenda nani. Humpigia mzee, mtoto, tajiri na mlevi. Mateo hafi kwa kumpenda Rufus. Hufa kwa sababu alikwenda jikoni kuandaa chai na jiko likaripuka.

Msomaji wa pwani hana udhuru wa kutoitambua tofauti hiyo, maana ushairi wake umemfundisha tangu zamani. Al-Inkishafi ya Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir huuonesha moyo magofu ya Pate, na hakuna aliyewahi kuisoma akadhani matajiri wale walikufa kwa sababu walipendana. Mwana Kupona binti Mshamu naye, mwaka 1858, akiwa mgonjwa, alimwita binti yake achukue wino na karatasi, akamtungia utendi wa wasia. Mama huyo alijua kwamba siku zake zinahesabika, sawasawa na wale vijana wa New York, na muda uliobaki akautumia kusema na ampendaye. Haikumpitikia mtu kuuita utendi ule habari ya kifo tu.

Na tuseme na lugha yenyewe. Kiswahili hakina kiwakilishi cha mwanamume na kingine cha mwanamke. Mpenzi, mwandani, muhibu: maneno haya hayavai kanzu wala buibui. Katika taarabu mara ngapi mwanamume ametunga, mwanamke akaimba, na ukumbi mzima ukatunza bila ya mtu kuuliza anayeliliwa ni nani? Hii si kudai kwamba washairi wa kale waliyaandika mapenzi ya jinsia moja. Mwenye dai hilo alete ushahidi. Ni kusema tu kwamba riwaya ya Silvera ikitiwa katika Kiswahili, kurasa nyingi zingepita pasina kitu cha kumshtua msomaji isipokuwa majina mawili. Angelia kwanza, kisha ndipo akumbuke kukasirika.

Hoja ya mwisho ya wapigaji marufuku ni mtoto wa mbali. Je, mtoto wa Manyovu akiyasoma haya? Manyovu ni mpakani na Burundi, juu katika milima ya Kigoma. Zamani ilikuwa Kasulu na sasa imo katika Wilaya ya Buhigwe. Milima hiyo iliwapokea waliokimbia mauaji ya Burundi mwaka 1972, tena 1993, tena 2015, na kambi za Nyarugusu huko Kasulu na Nduta huko Kibondo zikajaa watu waliozika jamaa zao au wasiopata hata wa kuwazika. Lugha yake, Kiha, nayo haitengi mume na mke katika viwakilishi. Kijana wa huko hahitaji mtu wa mjini amkinge na habari za mauti. Anayemkinga anamkinga na kitu chengine, basi akitaje.

Wala kifo hakikinusuru kitabu. Rosa wa Kezilahabi alijiua katika Rosa Mistika, mwaka 1971, na bado riwaya iliondolewa skuli kwa hoja ya maadili, baadaye ikarejeshwa. Februari 2023 Wizara ya Elimu ya Tanzania ilivipiga marufuku vitabu 16, na Diary of a Wimpy Kid, masihara ya mvulana mvivu, ikawemo. Mhariri anayemuua mhusika ili aipendeze bodi anatoa kodi isiyopokelewa.

Baada ya Mateo kufa, Rufus huenda hospitali. Baba yake Mateo amelala huko hajitambui. Rufus hukaa kando ya kitanda akamsimulia mtoto wake alivyoishi siku ile, naye mwenyewe ana saa chache tu zilizobaki. Katika machozi yote yale yaliyorikodiwa, ni wachache walioutaja ukurasa huo. Waswahili tunalijua jina la alilokwenda kulifanya: kutoa mkono wa taazia.