Mpingo Mmoja, Rafu Tatu

Mwaka 2012 ilihitimishwa kazi kubwa iliyoanza kuchapishwa mwaka 1952: mfululizo wa vitabu vya mimea ya Tanzania, Kenya na Uganda, uliosimamiwa na Bustani ya Kew ya Uingereza. Kwa miaka 60 wataalamu walizichambua aina 12,104 za mimea ya porini. Anayestahili sifa asinyimwe. Bila kazi hiyo tusingejua hata ukubwa wa utajiri wetu.

Hata hivyo, mwalimu wa shule ya msingi Masasi anayetaka kuwafundisha watoto habari za mpingo hawezi kuvitegemea vitabu hivyo. Vimeandikwa kwa Kiingereza cha kitaalamu, na shabaha yake ni kueleza jani, ua na tunda, si maana ya mti kwa watu wanaoishi nao.

Na mpingo una mengi ya kusimulia. Mwaka 1893 Dakta Richard Hindorf alileta miche ya mkonge, ikasalimika 62 tu. Kutokana na miche hiyo yakazuka mashamba makubwa yaliyohitaji vibarua, na Wamakonde wengi wakavuka Ruvuma kutoka Msumbiji iliyotawaliwa na Mreno. Walikuja na ufundi wao wa kuchonga. Katika miaka ya 1950 ukachipuka mtindo wa shetani, unaohusishwa na mchongaji Samaki Likankoa. Upo pia ule wa ujamaa, wa watu waliobebana katika gogo moja. Basi ndani ya kinyago kimoja mna elimu ya mimea, mna sanaa na mna historia ya jasho la wafanyakazi. Katika maktaba zetu mambo hayo yamewekwa kwenye rafu tatu zisizosemezana, na aghalabu yameandikwa na wageni kwa ajili ya wageni.

Wako wanaodai kwamba Kiswahili hakina maneno ya kazi hiyo. Dai hilo ni kasumba. Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili ilitoa kamusi ya biolojia, fizikia na kemia mwaka 1990, na wanavijiji wana majina ya miti yao tangu enzi za mababu. Kilichopungua ni nia.

Wakati nao hautungoji. Mpingo huchukua miaka 70 au zaidi kukomaa, na mchongaji mzee anayejua gogo lipi lina ufa ndani anaondoka na elimu yake bila kuandikwa. Elimu ya Kujitegemea ya mwaka 1967 ilitaka shule ifungamane na maisha ya jamii yake. Hatuna budi kuanzia hapo. Walimu wawatume wanafunzi kwa wazee wakaandike majina ya mimea na matumizi yake. Maofisa misitu na maofisa utamaduni, ambao mara nyingi hufanya kazi wilaya moja bila kushauriana, waketi pamoja wayahariri madaftari hayo yawe vitabu. Wasomi wa vyuo vikuu, waliosomeshwa kwa jasho la wakulima, wawarudishie wakulima utafiti wao kwa lugha wanayoielewa.

Nasi waandishi wa habari hatujitoi lawamani: mara nyingi hukikumbuka kinyago siku mgeni wa heshima anapokabidhiwa zawadi. Mwacha asili ni mtumwa, na asili isiyoandikwa ni rahisi kuachwa.