PAZIA LA DUKANI NA PAZIA LETU

Wapo wenzetu hapa Mpanda ambao wakimwona binti wa Kihindi amevaa suruali na kuendesha gari mwenyewe, hucheka na kusema, "Hata Wahindi wamebadilika!" Sisi twasema mabadiliko hayapimwi kwa nguo.

Reli ilipofika Mpanda mwaka 1950 kwa ajili ya mgodi wa madini ya risasi, wenye maduka nao walikuja. Mume alisimama mbele kwenye mizani, mke akakaa nyuma ya pazia. Sisi wateja tulijua harufu ya bizari yake, lakini jina lake hatukulijua.

Pazia lile halikuondolewa na suruali. Liliondolewa na shule. Aga Khan wa Tatu, aliyefariki mwaka 1957, aliwahimiza Waismailia kwamba mzazi asiyeweza kusomesha watoto wake wote, amsomeshe binti kwanza. Tena TANU ilipoamua huko Tabora, Januari 1958, kuingia katika uchaguzi wa kura tatu, Bibi Sophia Mustafa alisimama Jimbo la Kaskazini kwa kuungwa mkono na Chama. Aliingia Baraza la Kutunga Sheria kwa kura za watu wa rangi zote. Huyo alijulikana kwa jina lake mwenyewe.

Kwa hiyo twawaambia wazazi wa Kihindi: elimu ya binti yenu isiishie kwenye hesabu za duka na karamu za jamaa. Umoja wa Wanawake umekuwapo tangu 1962. Mleteni akae mkekani na mama zetu, tumjue kwa jina.

Lakini nyani haoni kundule. Uchunguzi wa afya wa Taifa wa mwaka 2015–16 ulionyesha kwamba katika Mkoa wa Katavi, wasichana 45 katika kila 100 wenye umri wa miaka 15 hadi 19 walikwisha kuzaa au walikuwa waja wazito. Hakuna mkoa mwingine uliotupita. Hao si mabinti wa Wahindi. Ni wetu, na wengi wao daftari wameliacha.

Ndugu wanachama, kabla ya kucheka pazia la jirani, tufunue letu. Kila mmoja wetu aulize leo nyumbani kwake: binti yangu yuko darasa la ngapi? Asiyeweza kujibu hana haki ya kumcheka mtu.